Nyimbo Kumi na Tisa za Manyunyu Kru

Jumamosi, saa nne asubuhi. Mvua nyepesi tangu alfajiri, milima imefunikwa mpaka miguuni, na nguo nilizofua jana nimezitundika sebuleni. Baba Nuru kaenda shambani Mikese. Nyumba yangu, chai yangu, daftari langu. Najisikia vizuri kupita kiasi.

Leo naandika jina langu.

Mnaopita kwenye ukurasa huu mmezoea kunisoma nikilalamika kuhusu darasa langu la nne, chaki, na wazazi wanaokuja shuleni kugombana badala ya kuuliza. Leo nina jambo kubwa kuliko hayo. Kama mlikuwa Morogoro enzi za kaseti, basi Manyunyu Kru mnaikumbuka. Vijana wanne wa hapa hapa. Idi ndiye kiongozi, halafu mapacha Hasani na Huseni, na Shomari, mtoto wa mama yangu mkubwa. Shomari walimwita Filimbi kwa ajili ya ile sauti nyembamba inayopanda kwenye viitikio. Dada zenu walibandika picha yake ukutani, msikatae.

Ile sauti ni yangu mimi.

Ndiyo, mmesoma sawasawa. Mwalimu Zuhura. Nyimbo kumi na tisa, tangu kaseti ya kwanza mpaka albamu ya mwisho, na jina langu halimo hata sehemu moja. Wiki hii kaka Idi kapata mtu Dar wa kuziweka nyimbo zote mtandaoni, na huyo mtu anataka orodha kamili: kila wimbo, nani katunga, nani kaimba nini. Idi akanikimbilia mimi, kwa sababu kaseti na sidii zote ziko kwangu kwenye sanduku la bati. Wenyewe walizigawa kwa wasichana mpaka wakabaki mikono mitupu. Mwisho wa kupeleka ni leo saa kumi jioni.

Nimeanza na kaseti ya kwanza, Mvua za Kwanza. Nyimbo sita, tatu kila upande, na mwisho wa kila upande biti tupu ili mkanda ujae. Kwenye jalada wamesimama barabarani Bigwa, mlima nyuma yao, wote wanne wamevaa miwani myeusi, na najua kwa hakika kwamba miwani mitatu kati ya hiyo iliazimwa.

Wiki ile ya kurekodi nilikuwa Dar kwa shangazi, likizo, nina miaka kumi na minne. Shangazi akanituma niwapelekee wali studio. Nafika, nakuta prodyuza kashika kichwa. Sauti ya Shomari ilikuwa imeanza kuvunjika. Kila akipanda inakwama, inatoka kitu kama jogoo mdogo anayejifunza kuwika. Mapacha wanacheka mpaka wamekaa chini, Shomari macho yamemjaa maji. Mimi nyimbo zile nilikuwa nazijua zote, tulikuwa tunaziimba naye uani kwa bibi tukitwanga. Prodyuza akasema, hebu huyo binti ajaribu. Nikaimba na hotpoti mkononi, hakuna aliyekumbuka kunipokea.

Walipanga nisaidie kaseti hiyo moja tu. Lakini kaseti ikavuma, na jukwaani siku hizo watu wote walikuwa wanaweka sidii inaimba, msanii anachezesha midomo. Shomari akachezesha. Alinitazama nikiimba jikoni kwa siku nzima nzima ili ajue ninavuta pumzi wapi, nafunga mdomo wapi. Hakukosea hata mara moja, ni haki yake nimpe. Albamu ya pili, Tumerudi na Radi, nyimbo saba, nikaitwa tena. Likaja tangazo la sabuni ya unga, nikaimba tangazo la sabuni ya unga. Mama alijua, shangazi alijua, na kwa wengine wote nilikuwa binti anayeleta wali.

Sikuwachukia, jamani. Niliona raha ya kuwa na siri kubwa kama ile shuleni, wenzangu wakimlilia Filimbi na mimi nimekaa dawati la nyuma natafuna muhogo. Uchungu ulikuja baadaye, nilipokuwa mtu mzima, siku niliyosikia redioni mtangazaji anasema hapa nchini hajapata kutokea kijana mwenye sauti ile. Nilizima redio nikaenda kusahihisha madaftari. Wanafunzi walipata sifuri nyingi siku ile.

Saa tano Idi kapiga simu.

"Shikamoo kaka Idi."

"Marahaba dada. Orodha inakwendaje? Wewe andika kama majalada yalivyo, usijisumbue."

"Naandika kama ilivyoimbwa."

Hapo akaanza. Manyunyu ni kundi la wanaume, dada. Mashabiki watatuelewaje? Halafu Shomari, mtu mzima, fundi anayeheshimika pale Kihonda, watu wanamwita Filimbi mpaka leo, unataka watoto wake wamcheke?

Nikamwambia kaka Idi, mimi sikuja kumvua mtu nguo. Nimekuja kuvaa yangu. Kama hataki, orodha aandike yeye, na kaseti azitafute kwa wale wasichana wake. Akacheka bila kupenda. Akasema haya, fanya unavyoona. Thubutu yake kusema vinginevyo!

Kwa hiyo nikaendelea, kifua mbele. Nimevaa hedifoni alizoziacha Nuru, binti yangu, yuko chuo Dodoma mwaka wa kwanza. Hedifoni nzuri, mtu anasikia mpaka kiti kinavyolia studio. Kila wimbo nausikiliza mpaka mwisho, halafu naandika: sauti ya juu, Zuhura. Mara ya kumi na tatu nililiandika kwa herufi kubwa. Mara ya kumi na nane nikasimama nikacheza peke yangu katikati ya nguo mbichi.

Ukabaki mmoja. Baridi ya Mgeta, wimbo wa mwisho wa albamu ya tatu, wimbo wao mkubwa kuliko yote. Mpaka leo hakuna harusi mjini hapa inayokwisha bila huo.

Na huu kwangu si wimbo tu. Siku ya kuurekodi nilikuwa na mimba ya miezi minane. Nuru alikuwa tumboni. Wiki tatu baadaye nimejifungua, niko wodini, redio ya mama wa kitanda cha jirani ikaupiga kwa mara ya kwanza. Nikambeba mtoto nikalia kama mjinga. Nuru kakua anaambiwa hivyo: huu wimbo tuliimba wawili, mimi na wewe. Akiwa chekechea aliwatangazia wenzake kwamba yeye ni msanii kabla hajazaliwa. Juzi tu kaniambia kawasimulia wenzake wa bwenini.

Nikaufungua. Nikafumba macho, nikingoja kiitikio. "Baridi ya Mgeta, njoo nifunike kanga moja tulale."

Nikafumbua macho.

Nikarudisha nyuma. Tena. Mara sita.

Mstari ule mimi huuvutia pumzi katikati, kabla ya "nifunike". Siku zote, hata sasa nikiuimba nikiosha vyombo. Kwenye hedifoni huyu mtu hapumui. Anaanza mpaka anamaliza kwa pumzi moja, laini, bila kuyumba. Na mimi siku ile nilikuwa na tumbo mpaka kwenye mbavu. Nakumbuka nilikaa chini mara tatu, prodyuza akaniletea maji. Pumzi ile ningeitoa wapi?

Redioni na kwenye simu hizi zetu huwezi kusikia pumzi ya mtu. Nimeusikiliza wimbo huu karibu miaka ishirini bila kuusikia.

Nikafunga daftari, nikachukua bodaboda mpaka Kihonda, mvua au hakuna mvua. Shomari alikuwa anachomelea grili la dirisha. Aliponiona akazima mashine, akavua miwani.

"Shomari, Baridi ya Mgeta kaimba nani?"

Akaweka miwani juu ya mashine.

"Umesikiliza na hedifoni," akasema.

"Nijibu."

"Mimi."

Akanivutia benchi. Akanieleza taratibu huku akifuta mikono, na ni kama alikuwa amekaa nayo tayari mdomoni miaka yote. Nilipoondoka studio siku ile, prodyuza alisema sauti yangu haifai, pumzi zimejaa kote. Wangefanyaje? Kunirudisha na hali ile haikuwezekana. Shomari akasema ngoja nijaribu. Miaka sita ya kuniigiza midomo ilikuwa imemfundisha, na sauti yake ya utu uzima ilikuwa imeshakaa sawa, akiibana inapanda mpaka kule kule. Akaimba mara moja, ikapita. Akawaapisha wenzake wasiniambie mpaka nijifungue salama.

"Sasa nimejifungua salama tangu lini, Shomari? Mtoto yuko chuo!"

"Nilikuja wodini kukwambia, Zuu. Haki ya Mungu nilikuja. Nakuta umembeba mtoto, redio inaimba, unalia, unamwambia msikilize mama yako. Ungekuwa wewe ungesema?"

Mwalimu mzima, nimekaa kwenye benchi la chuma nahesabu nondo za grili.

"Halafu mimi nilikuwa nimebeba nyimbo zako kumi na nane," akasema. "Huo mmoja ningekunyima kwa uso gani?"

Hapo nililia. Sioni aibu kuandika. Nililia kwa hasira, kwa huruma, kwa vyote pamoja. Nikamwambia nilichokuja nacho, kwamba orodha naiandika upya na jina langu linaingia. Nilidhani atanywea. Akasema andika, dada yangu. Kila mtu akiniita Filimbi nageuka, halafu nakukumbuka wewe. Nimechoka. Watoto wake atawaambia yeye mwenyewe kabla hawajaona popote.

"Na huo mmoja uache kwako," akasema. "Mimi sina shida nao. Mfikirie Nuru."

Njia nzima ya kurudi nimemfikiria Nuru. Nitasema ukweli wangu hapa, maana ukurasa huu sijawahi kuudanganya: nilitaka kuuacha. Nilifika mpaka nyumbani nimeshaamua kuuacha. Nani angejua? Idi hatasema, mapacha hawatasema, mwenye wimbo katoa mwenyewe kwa mikono miwili. Nikakaa mezani nikaandika sauti ya juu, Zuhura, mara ya kumi na tisa.

Nikaitazama ile karatasi. Asubuhi nzima nimemvimbia Idi kwamba naandika kama ilivyoimbwa. Wanafunzi wangu nawapiga marufuku kuangalizia kwa jirani. Shomari alilitwaa jina lisilo lake akiwa mtoto wa miaka kumi na mitano, amebanwa, hana pa kutokea. Mimi nina miaka karibu arobaini, nimekaa kwangu, nakunywa chai. Nikachukua kalamu nyekundu nikakata.

Sauti ya juu: Shomari.

Saa kumi kasoro dakika kumi nimetuma. Kumi na nane zangu, mmoja wake. Hata sasa nikiitazama najisikia nimesimama wima, na huo mmoja sioni kama umenipunguza.

Kisha nikampigia Nuru. Sikutaka aone kwa watu. Nimemweleza yote, studio, tumbo, pumzi, mjomba wake, wodi. Hakunikatisha hata mara moja, na mnaomjua Nuru mnajua hilo si la kawaida. Nilipomaliza akauliza kwa sauti ndogo, ile ya chekechea.

"Kwa hiyo mimi simo?"

"Humo, mwanangu. Mimi simo, na wewe humo."

Nikasikia wenzake wanacheka mahali nyuma yake. Akasema, mama ngoja nitakupigia. Akakata.

Nimekaa na simu mapajani karibu nusu saa. Mvua imekatika, nguo bado mbichi. Nimejiuliza kama nimefanya sawa na jibu langu ni lile lile, nimefanya sawa, ila simu sikuiweka chini. Kisha ujumbe ukaingia, maneno matatu, bila salamu: "Namba ya mjomba."

Nikamtumia.

Kwetu Waluguru mjomba si mtu wa mchezo, na huyu alimbebea binti yangu uongo wa wimbo ule karibu miaka ishirini bila kudai hata asante. Sijui Nuru anataka kumwambia nini. Nimengoja robo saa, uvumilivu ukanishinda, nikampigia. Namba inatumika. Nikampigia Shomari, nimwonye angalau.

Inatumika.