Kanda Iliyoita Mwali

Mama,

Shikamoo. Marahaba yako nimeisikia moyoni, kwa ile sauti yako ya kuvuta, basi niendelee.

Mjukuu wako Zuhura ametolewa ndani Jumamosi. Nakuandikia miguu ingali na vumbi la ngoma, kichwa kinaelea, sijui nakuota au nakukumbuka tu.

Ile kanda yako ya disko imekufa, Mama. Ile ya nyimbo zao bora zote, yenye picha ya vijana wanne wa suruali pana, na yule wa masharubu uliyemwita shemeji mbele ya baba makusudi. Redio iliula mkanda siku za msiba wako. Niliililia kanda kuliko nilivyokulilia wewe, watu wakadhani nimechanganyikiwa.

Haikuwa na wimbo wa kurukwa, ile. Mmoja ukiisha, mdomo umeshaanza unaofuata. Tulipalilia mikorosho nayo, tukapika nayo, tukasinzia nayo. Kizungu chao hatukukijua hata neno. Lakini wimbo wa pili, betri zikiwa za kuanikwa juani, waimbaji wakivutika kama wenye usingizi, walisema wazi kabisa: "Mwali toka, mwali toka." Nani hapa Kikole angebisha? Ndiyo maana ukawa unaupiga kila mwali anapotolewa. Hata mimi nilitoka nao.

Basi Jumamosi mtoto wa kaka, Shabani, akaupata kwenye simu, akaunganisha na spika kubwa. Ulikuwa safi, una kasi, kila neno limenyooka. Na mwali hayumo. Tulisikiliza, tukaangaliana. Wanasema mambo yao huko, hawamwiti mtu. Shoga yako Bi Somoe, ndiye kungwi siku hizi, akasema mwali hatoki bila kuitwa. Zuhura yuko nyuma ya pazia na kanga zake mpya, anangoja, na jua linapanda. Shabani ananiambia, "Shangazi, huu ndio wenyewe halisi." Halisi gani isiyomjua mtoto wetu?

Nikakuona, wallahi. Umekaa kwenye kiti chako cha kamba, betri umezipanga juu ya ungo, unanikonyeza. Ulizoea kusema nina sauti ya chura, na ni kweli. Nikamwambia Shabani azime. Nikafumba macho, nikavuta taratibu, kwa mwendo wa betri zilizochoka: "Mwaaali toka." Nilikuwa peke yangu, nikaogopa. Kisha Bi Somoe akadakia, wanawake wote wakadakia, pazia likasogea.

Shingo yake ni yako, Mama. Nimelia mbele za watu na sikuona haya.

Jioni Shabani akaupunguza kasi humo humo kwenye simu, akaja mbio kuniambia mwali anasikika. Nikamwambia tunajua, mwanangu, bibi yako alitangulia kumsikia.

Lala sasa. Zuhura akijaliwa binti, nami nikiwa hai, nitamwita hivyohivyo, polepole, na uchura wangu. Nikiwa nimeshakufuata, tutamwita sote wawili kutoka huko. Kanda haipo, redio haisemi, lakini betri zako nimezianika leo asubuhi juu ya ungo.

Mwanao,
Mwanahawa