Aliyeingia kwa Jina la Shabani

Jumamosi, 6 Julai

Nimefungua chumba saa kumi alasiri kama kawaida. Mechi ya wawili kwa wawili, nafasi nne, namba mpya ya kuingilia. Nimeirusha kwenye kikundi chetu. Ni hivyo kila Jumamosi tangu tumalize chuo: mimi Kibamba, Frank Kigamboni, Shabani Temeke, Maganga popote serikali itakapompeleka kufundisha watu kilimo. Mpira wa kwenye simu, maiki wazi, kejeli nyingi, kisha kila mtu anarudi kwenye maisha yake. Mimi na Shabani upande mmoja, Frank na Maganga upande wa pili.

Shabani tulimzika mwezi uliopita. Homa ya siku chache tu. Nafasi yake bado naiacha wazi. Maganga haonekani chumbani tangu msiba, anasema huko Urambo mtandao ni wa kubahatisha. Nimebaki na Frank, tunacheza kama watu waliolazimishwa.

Leo, kipindi cha pili, mtu akaingia. Upande wangu. Jina lile lile alilochezea Shabani: Shabo wa Mtongani. Picha ile ile ya kofia ya njano.

Frank akasema, "Eliza, umeona?"

Nilizima kila kitu. Ni hasira. Na woga pia, sina sababu ya kujidanganya humu.

Jumapili, 7 Julai

Kanisani sikusikia hata neno moja la mahubiri. Nawaza simu ya Shabani iko wapi. Frank ndiye aliyekuwa naye wodini siku ya mwisho, chuoni walikuwa wakilala chumba kimoja. Nimempigia. Anasema simu na nguo alimkabidhi mama wa marehemu kwa mkono wake.

Namwamini Frank. Nimeliandika ili nilione.

Jumatano, 10 Julai

Kidato cha pili wameboronga jaribio la asidi na besi. Nimewafokea kuliko walivyostahili.

Najua wapo matapeli wanaochukua akaunti za marehemu na kuwaandikia ndugu zake. Mtu huyu akimfikia Mama Shabani kwa jina lile, yule mama hatainuka. Lazima nimkamate kabla. Na chumba hiki ndicho tulichobaki nacho. Sina marafiki wengine mji huu, nina walimu wenzangu tu, na hao tunagombania chaki.

Jumamosi, 13 Julai

Kaja tena. Safari hii sikuzima. Nilimtazama.

Kipa wetu akatoka golini mpaka katikati ya uwanja, anapiga chenga. Mshambuliaji wetu akaanza kushangilia kabla mpira haujaingia, Shabani mtupu. Halafu tukafungwa, mechi ikasimama, ukatokea ujumbe: "Nakunywa maji."

Shabani alikuwa anasimamisha mechi kunywa maji kila tulipofungwa. Kwa jinsi tulivyokuwa tunafungwa, angekuwa samaki. Tapeli wa mtandaoni hawezi kujua habari ya maji. Huyu ni mtu wa ndani. Kikulacho ki nguoni mwako.

Tumeshinda tatu kwa mbili. Bao la tatu nililipigia kelele hadi mpangaji mwenzangu akagonga ukuta. Kisha nikaona aibu.

Jumatatu, 15 Julai

Nimempigia Maganga. Simu imeshika mara moja. Nikamweleza yote. Akasema, "Mwalimu, we cheza tu." Nikamwambia jambo hili si la mchezo. Akasema, "Haya."

Sikuipenda ile haya yake. Lakini yuko Urambo, chumbani hajaingia wiki nyingi, na simu ya marehemu haikupita mikononi mwake. Ukimtoa Maganga anabaki mmoja, hata kama simu ya pili amemshikisha mtu wake. Sitaki awe yeye.

Jumamosi, 20 Julai

Nimeweka mtego. Namba ya chumba sikuitia kwenye kikundi. Nilimtumia Frank peke yake, bila kumwambia kwamba ni yeye peke yake.

Hazikupita dakika nyingi. Shabo wa Mtongani, ndani.

Nikafungua maiki nikamwaga yote. Nilimwambia Frank alishika mkono wa mwenzake akikata roho, na leo anavaa jina lake ili anichezee akili. Nikamwita mchawi.

"Eliza, unajisikia unavyoongea?"

Nikajibu najisikia vizuri sana.

"Sawa, mwalimu. Baki na rumu yako."

Akatoka chumbani. Akatoka na kwenye kikundi. Yule mwingine alibaki amesimama katikati ya uwanja, hachezi, haandiki, halafu naye akaondoka.

Nilijiona nimeshinda mpaka chai ilipochemka. Baada ya hapo nilikaa na simu mkononi, na sikuwa na mtu wa kumpigia.

Jumapili, 21 Julai

Nimetoka kanisani moja kwa moja hadi Temeke, kumtahadharisha Mama Shabani. Shikamoo mama. Marahaba mwanangu. Akanikaribisha mkekani, akaleta chai na vitumbua. Nikaanza kwa mbali, nikizunguka zunguka. Kwamba kuna mtu. Kwamba anatumia jina. Kwamba anacheza kama marehemu kabisa, hata kwa kunywa maji.

Akaziba mdomo kwa kanga. Nikajilaumu, nimemliza mama wa watu.

Alikuwa anacheka. Alicheka hadi kanga ikamdondoka begani.

"Mwanangu, huyo Maganga! Mnyamwezi huyo. Mtani wetu sie Wazaramo."

Akanieleza polepole, kama mimi ninavyowaeleza watoto darasani. Kwao mtani ana kazi yake msibani. Huvaa nguo za marehemu, hutembea mwendo wake, huongea kwa sauti yake, huzuia njia mpaka apewe chake. Wafiwa wanalia huku wanacheka. Maganga hakuwahi mazishi. Alifika siku ya tatu, wakati mimi nasimamia mitihani. Kaburi limeshafunikwa, nguo zimeshagawiwa. Akamuuliza mama, sasa mimi nimvae vipi?

"Nikampa simu. Nikamwambia, nenda ukamvae huko huko mnakochezea."

Kila Jumamosi mechi ikiisha Maganga humpigia na kumhadithia. Mama anajua mabao yote.

Nikauliza, kwa nini hakuniambia? Akaniona mjinga, nikamwona akiniona. "Mtani hapigi hodi."

Tukampigia tukiwa pale pale. Hakuniomba radhi hata kidogo. Ila jambo moja alilisema kwa unyonge: jana hakuiona namba kwenye kikundi, akamwomba Frank. Frank akampa, akidhani nimemsahau mwenzetu. Hakujua lolote. Alifanya wema, nami nikamwita mchawi.

Mimi utani naujua wa kuitana watumwa na kunywa soda ya mtu ofisini. Wazazi wangu ni watu wa Makete, lakini nimekulia hapa Kibamba kati ya duka la mabati na kanisa. Hakuna aliyewahi kuniambia kwamba utani una kazi nzito namna hii.

Jumatatu, 22 Julai

Baada ya vipindi nimevuka kwa pantoni kwenda Kigamboni. Frank alikuwa kibarazani amefungua jokofu la mteja, sehemu zake zimetapakaa sakafuni. Hakuniambia karibu. Nilisimama juani nikamwomba msamaha bila kujieleza. Nilikuwa nimejiandaa na maelezo mengi, nikayameza.

Akaendelea kukaza skrubu. Mwishowe akasema, "Ungeniuliza tu."

Basi. Hilo tu. Nilipokuwa naondoka alinipa maji, nikayanywa nimesimama. Kikundini hajarudi, na sikuthubutu kumwomba arudi.

Jumatano, 24 Julai

Mama Shabani amepiga wakati wa mapumziko, nimeongea naye nyuma ya maabara. Arobaini ni Jumapili hii. Mtani lazima aondolewe kabla ya hapo, ili marehemu apumzike. Na mtani haondoki mwenyewe. Anapewa haki yake na yule aliyetembelewa.

"Mie nilimpa simu tu. Nyumba aliyoingia ni yako. Mwenye nyumba ndiye anayemtoa."

Haki hiyo ni jogoo. Nikasema ndiyo, mama.

Ijumaa, 26 Julai

Sitaki.

Naandika hapa kwa sababu hakuna wa kumwambia. Tangu nijue ni Maganga, hamu imezidi badala ya kupungua. Namjua Maganga, najua ana kitambi na anakoroma. Lakini kipa akitoka golini vile, kifua changu kinafunguka. Jumamosi nafua mapema, napika mapema, naketi kusubiri. Sisubiri Maganga.

Naweza kukataa. Naweza kusema jogoo hakupatikana. Nani atanilaumu? Akae tu. Anaumiza nani?

Namkasirikia Mama Shabani kwa kunitwika mzigo huu. Namkasirikia Maganga kwa kumleta mtu ambaye lazima tumrudishe. Namkasirikia Shabani kwa kufa na homa kama mtoto mchanga, mwanaume mzima. Siku ya mazishi nilikaa na akina mama nikamenya vitunguu ndoo nzima, na hata vitunguu havikunitoa chozi. Tangu siku ile sijalia. Nilidhani ni ujasiri. Sasa naona ni kwamba sijamwachia aende.

Nikikataa, mama yake atafanya arobaini mwanawe akiwa bado amezuiwa mlangoni kwangu. Hilo nalo siliwezi.

Jumamosi, 27 Julai

Nimenunua jogoo mwekundu sokoni Temeke Sterio. Amenidonoa mara mbili kabla sijafika kwa Mama Shabani. Stahili yangu.

Maganga alikuwa ameshafika kwa basi la usiku. Hakunisalimia. Alipita mbele yangu kwa mwendo wa Shabani, bega moja chini, akaingia chumbani kwa marehemu na ile simu, akavuta pazia. Mimi nikakaa sebuleni na mama. Nikafungua chumba, nikatuma namba. Nilimtumia na Frank pia, bila neno.

Shabo akaingia, kisha Frank. Hakufungua maiki.

Tulicheza. Kipa alitoka golini. Tulishangilia kabla ya bao, na bao halikuingia. Frank akatufunga. Mechi ikasimama. "Nakunywa maji."

Mama Shabani akainuka. Akaenda kwenye mtungi, akachota kikombe, akakipeleka kule chumbani nyuma ya pazia. Alikaa huko kidogo. Aliporudi kikombe kilikuwa kitupu, na alikishika kwa mikono miwili mpaka mechi ilipoisha.

Tulifungwa mbili kwa moja.

Nikamchukua jogoo nikasimama mlangoni. Nikasema kama mama alivyonifundisha: mtani, chukua chako, utuachie mtu wetu aende. Pazia halikutikisika. Nikadhani atakataa, na kwa muda mfupi nikafurahi. Kisha pazia likafunguka akatoka Maganga, jasho linamtiririka, macho mekundu. Akapokea jogoo. Akamrudishia mama simu.

"Ahsanteni, watumwa wangu."

"Nenda zako, shetani we!" mama akamjibu, na majirani waliokuwa uani wanatengeneza mchele wa kesho wakaangua kicheko.

Mimi sikucheka. Wala sikulia. Nilisaidia kuchagua mchele hadi jioni.

Jumapili, 28 Julai

Arobaini imesomwa. Watu wengi, pilau nyingi. Frank alikuja. Tulibeba sufuria moja, yeye mkono huu na mimi mkono ule, tukaongea habari za sufuria.

Jumamosi, 3 Agosti

Saa kumi nimefungua chumba. Nafasi tatu. Nilipotaka kutuma namba nikaona Frank amerudi kikundini. Hakuna aliyesema kitu juu ya hilo.

Maganga kaingia kwa jina lake mwenyewe. Mtandao wa Urambo umepona ghafla, mwongo mkubwa yule. Wao wawili, mimi peke yangu.

Kipindi cha pili nilipata nafasi nzuri mbele ya goli lao. Ningepiga tu. Badala yake nikapasia kushoto bila kutazama, kama nilivyofanya miaka yote. Kushoto hapakuwa na mtu. Mpira ukatoka nje taratibu.

Nikaweka simu mkekani nikalia. Maiki ilikuwa wazi na sikuizima. Nililia kwa sauti, vibaya, kamasi na vyote. Hawakuniambia pole. Hawakuniambia nyamaza.

Nilipoiokota simu, mpira ulikuwa kwao. Walikuwa wanapasiana nyuma, beki kwa beki, kipa kwa beki, hawavuki hata nusu ya uwanja. Goli langu lilikuwa wazi muda wote ule.

Frank akasema, "Tupo, mwalimu."

Nikasema haya. Tukamalizia dakika zilizobaki. Hakuna aliyefunga. Nadhani hatujawahi kucheza mechi mbovu kama ile.