Saumu Isiyo na Futari

Kuala Lumpur

Mama yangu,

Assalaam aleikum, na shikamoo. Mgongo waendeleaje? Maji ya mfereji yameanza kutoka huko Voi, au bado mnanunua ya mkokoteni? Mimi mzima, ila nina hasira. Nimeandika barua kwa sababu simu yako anaishika mdogo wangu Zuhura, na haya sitaki ayasome kabla yako.

Unamkumbuka Nurul, msichana wa Kimalei tunayeuza naye mitandio na magauni, niliyekusifia kuwa hufunga Jumatatu na Alhamisi? Mwezi huu akawa anafunga kila siku. Sisi tukila wali mchana, yeye yuko kwenye kioo akijipima magauni. Nami nikisema, mashallah, msichana ana dini huyu!

Juzi asubuhi akaniomba pedi, nikampa. Mchana nikampakulia chakula, akaisukuma sahani.

"Nimefunga, dada."

"Umefunga nawe uko kwenye siku zako? Nani kakufundisha saumu hiyo?"

Akaanza kulia. Kabla sijamshika, akaanguka.

Daktari akasema hana ugonjwa, ana njaa. Njaa, Mama, katika mji uliojaa vyakula! Kumbe tajiri wetu mwenye duka, mwanamke aliyehiji, alimwambia gauni la stara halipendezi kwenye mwili mnene. Akitaka kupigwa picha za tangazo la Idi, apungue. "Watu wakikuuliza, sema umefunga." Stara gani hiyo, ya kumvisha mtoto wa watu gauni na kumvua afya? Nguo za asili za Wamalei ni pana, mtu ale, azae, anenepe, na bado asitirike. Nilimwambia tajiri hayo uso kwa uso. Akanijibu nirudi kwetu nikanenepe. Sijui kama kesho nina kazi, na wala sijuti.

Linaloniumiza ni hili. Picha za Nurul akijipima magauni nimekuwa nikimtumia Zuhura mimi mwenyewe. Wiki iliyopita ukaniambia kwa furaha kwamba mdogo wangu amekuwa mcha Mungu, kutwa hali, na magauni yanampwaya. Mama, usifurahi. Magharibi ikiingia keti naye, umtazame akila mpaka amalize. Na siku zake zikifika akakwambia bado amefunga, jua hiyo si ibada.

Nisalimie Baba, na shangazi muuza maandazi wa Maungu, na mama Mkristo jirani yetu aliyeninyonyesha ulipougua. Zuhura umsalimie mwisho, akishakula.

Mwanao,
Rukia