Jina la Kalisti Katika Kitabu cha Daktari

Kamachumu, Muleba

Dada yangu Hadija,

Shikamoo dada. Natumaini umeamka vizuri leo, na kile kikohozi cha msimu wa vumbi kimekuacha upumue. Mama je? Goti linamruhusu kufika msikitini, au bado anaswalia nyumbani huku akilalamika kwamba mnamdekeza? Mimi mwili hauna shida. Mvua ya huku inamwagika kila mchana, migomba imenawiri, na nimezoea ndizi kiasi kwamba siku nikila ugali tumbo linashangaa. Kinachouma ni roho tu. Juzi nilipoanza kukusimulia kwenye simu mtandao ukakata, na nilipojaribu ujumbe nikaona hasira zangu haziwezi kuandikwa kwa kidole gumba. Kwa hiyo kaa, mimina chai, usome.

Nimeshakutajia Mama Paskazia, mwenye nyumba wangu, yule ajuza mwembamba anayenilazimisha nile kila anapoona mwanga chumbani kwangu. Kwao si hapa. Kwao ni ng'ambo ya mto Kagera, na alikuja Muleba akiwa mwanamke kijana, mtoto mgongoni, wakati majeshi ya Uganda yalipovamia na watu wa kule wakakimbilia kusini kwa miguu. Mumewe aliitwa Kalisti. Walivuka daraja la Kyaka pamoja, kisha Kalisti akageuka. Baba yake alikuwa amepooza na alikuwa amebaki ndani na jirani aliyeahidi kumbeba, na huyo jirani walimwona anavuka mikono mitupu. Kalisti akamwambia mkewe, "Tangulia, nitawakuta." Daraja likalipuliwa. Vita vilipokwisha Mama Paskazia alirudi kule akakuta nyumba haina bati, haina milango, haina mtu. Hakupata hata mfupa wa kuzika. Akarudi Kamachumu, akalima kibanja cha watu, yaani shamba la migomba, mpaka akapata chake, na mwanawe alipofariki akamlea mjukuu, Adventina, ambaye sasa ni msichana mkubwa mwenye cherehani yake pale sokoni.

Sasa nikuletee huyo Daktari. Si daktari wa kutibu, dada, ni daktari wa vitabu. Anaitwa Respicius, anaishi Dar es Salaam, na huja Bukoba kama wengine wanavyokwenda mbuga za wanyama, kutazama. Mkuu wetu wa shule alimleta mwenyewe nyumbani, amevaa kofia ya majani na miwani ya jua, na kinasa sauti akakiweka mezani katikati ya vikombe kana kwamba ndicho mgeni. Akasema anaandika riwaya ya vita vya Kagera, riwaya ambayo haijawahi kuandikwa. Mama Paskazia akamchemshia chai, akamwekea kahawa za kutafuna, akamweleza yote niliyokueleza hapa. Mimi nilikuwa nimekaa mlangoni nasahihisha insha.

Alipomaliza, akaanza kumsimulia kile kisa anachowapa watoto wa mtaa jioni. Ni kisa cha nchi iliyo ng'ambo ya mto uliomeza daraja lake. Waliobaki upande ule hawakufa, waligeuka migomba, na upepo ukivuma majani yao yanaita majina ya waliovuka. Walio upande huu wakisikia hujibu, lakini maji yanapiga kelele na jibu halifiki. Dada, mimi nimefundisha fasihi miaka mingi na hakuna kitu kilichonionyesha vita vile kama majani hayo. Unajua Daktari alifanya nini? Alizima kinasa sauti.

"Mama," akasema, "hizo ni hadithi za watoto. Mimi nataka uhalisia."

Mama Paskazia akamsogezea kahawa nyingine.

Basi uhalisia ukaja, umechapwa, una jalada lenye mwali wa moto na mwanamke anayelia vizuri. Nimeusoma wote kwa sababu mtu akitaka kutukana kitabu lazima akisome. Shujaa ni mwandishi wa habari mrefu, mtanashati, anayefanana sana na picha ya Daktari iliyo nyuma ya kitabu, ila mwenye nywele. Kila anapopita wanawake wanamwagika machozi na askari wanamwomba ushauri. Askari wenyewe wanaongea kama vitabu vya uraia. Mtu amepigwa risasi ya tumbo, badala ya kumwita mama yake anatoa hotuba juu ya umoja wa Afrika, tena bila kukosea sarufi. Njaa haimo. Watu wanatembea siku nzima na hakuna anayetafuta pa kujisaidia. Mbuzi hawamo, na mwulize mkimbizi yeyote wa vita vile, atakwambia alimkokota mbuzi kabla hajakumbuka viatu.

Ningecheka nikakiweka pembeni. Lakini kitabu cha namna hiyo hakikosi msaliti, na Daktari akamweka: mkulima wa ng'ambo ya mto, anavuka daraja na mkewe kisha anarudi kwa siri, anawaongoza askari wa adui nyumba hadi nyumba na kupewa mabati ya majirani zake. Jina lake Kalisti. Mkewe ameachiwa jina lake pia, Paskazia. Hata kijiji ni kilekile.

Nilimwendea mkuu wa shule na kitabu mkononi. Yeye alikuwa tayari amekiagizia klabu ya kusoma.

"Mwalimu Mwanaidi," akaniambia, "wewe ni mtu wa Kondoa. Vita hivi huvijui."

"Na yeye anavijua?"

"Ameandika kitabu."

Hilo ndilo jibu nililopewa na mkuu wa shule. Nikamwambia kwangu darasani hakiingii, na mpaka leo salamu zetu ni za kichwa tu.

Nilimficha Mama Paskazia kadiri nilivyoweza, lakini mambo ya Kamachumu hayafichiki. Adventina alikuwa ameposwa na kijana wa Izimbya, Evodi, fundi wa pikipiki, mtaratibu, anayekuja kila Jumapili baada ya misa na kukaa kwa adabu kwenye ukingo wa kiti. Siku ya kupanga mahari alitarajiwa yeye na baba yake mdogo aliye mshenga. Akaja baba mdogo peke yake, kitabu chini ya kwapa. Mtu ambaye nina hakika hajawahi kusoma hata karatasi ya dawa anayomeza, huyu alikuwa amekunja kona za kurasa!

"Mama," akamwambia Mama Paskazia, "sisi hatuna ubaya. Lakini ukoo wetu nao ulipoteza watu kwenye vita. Hatuwezi kuoa kwenye nyumba iliyowaongoza adui. Imeandikwa."

Mama Paskazia hajui kusoma Kiswahili cha vitabu. Akamgeukia Adventina. Adventina akakichukua, akausoma kimya ukurasa uliokunjwa, uso ukambadilika, halafu akamsomea bibi yake kwa sauti, kwa Kihaya, neno kwa neno, bila kuruka. Sijawahi kumwona mtu akisoma vile. Bibi alisikiliza mpaka mwisho, akauliza kitu kimoja tu: "Na baba mkwe wangu, amemweka wapi?"

"Hayumo, Bibi."

"Hayumo kabisa?"

"Hayumo."

Akainuka akaenda kibanjani na panga akakata majani makavu ya migomba mpaka mvua ikamrudisha. Evodi hakupiga simu siku ile, wala siku zilizofuata.

Tuliposikia Daktari anakuja kukizindua kitabu Bukoba, Mama Paskazia akaniambia, "Mwalimu, nipeleke." Tukaenda watatu pamoja na Adventina, bibi amevaa kitenge cha Pasaka. Ukumbi ulijaa watu wa suti, na mbele kulikuwa na kitabu kimefungwa utepe kama mtoto wa ubatizo. Daktari akapanda, akaanza na yale maneno ya kioo na jamii ambayo mwanafunzi wangu wa kidato cha tatu akiyaandika namkata alama kwa uvivu. Akasema yeye amemrudishia mwananchi wa kawaida sauti yake. Makofi. Akasema kila tukio humo amelitoa kwenye midomo ya walioliona. Makofi tena.

Maswali yaliporuhusiwa watu waliuliza alipata wapi kipaji. Mama Paskazia akasimama. Mshereheshaji akamletea kipaza sauti, akakikataa kwa mkono.

"Daktari, mimi ni Paskazia. Ulikunywa chai kwangu. Mume wangu ulimwona wapi akiwaongoza wale watu?"

Jamaa alimtambua, dada, nilimwona. Akatabasamu kama anayemtuliza mtoto.

"Mama yangu, shikamoo. Huyo wa kitabuni ni mhusika tu. Riwaya ni ulimwengu wa kubuni. Siye Kalisti wako."

"Jina ni lake."

"Jina lilinipendeza."

"Kijiji ni chake. Mke ni mimi."

"Ndivyo sanaa inavyofanya kazi, Mama. Tunachukua kidogo hapa, kidogo pale."

"Nilipokupa kisa cha kubuni ulikikataa," akasema Mama Paskazia. "Ulisema unataka ya kweli. Nikakupa ya kweli, ukaiharibu, sasa unasema umebuni. Wewe huwezi kubuni. Ungeweza, ungebuni jina."

Huko nyuma mtu akacheka, akafuatiwa na wengine. Daktari akajifuta jasho, akasema muda umekwisha. Mkuu wangu wa shule, aliyekaa mstari wa pili, aligundua ghafla kwamba viatu vyake vinahitaji kutazamwa. Walitaka kumpa Mama Paskazia nakala yenye sahihi. Akasema nyumbani kuna majani ya kutosha ya kuwashia moto, akatushika mikono tukatoka.

Ungedhani yameishia hapo. Hapana, maana maneno ya ukumbini yalifika Izimbya kabla sisi hatujafika Kamachumu, na wiki iliyofuata baba mdogo akarudi, safari hii amemleta Evodi, na mtungi wa rubisi, pombe yao ya ndizi, na uso wa furaha kabisa.

"Tumesikia mwenyewe amekiri kwamba ni ya kubuni," akasema. "Basi jambo limekwisha. Tuendelee."

Jambo limekwisha! Yaani Daktari aliyemchafua Kalisti ndiye aliyemsafisha, na neno la mwanamke aliyeyaishi hayo wala halikuhitajika, si mwanzo wala mwisho. Nilifungua mdomo niseme, Adventina akaniwahi. Alimtazama Evodi, si baba mdogo.

"Wewe uliamini?"

Evodi akakunja mikono. "Mimi sikuamini. Ni wazee tu."

"Ulimwambia nani kwamba huamini?"

Evodi akautazama mtungi wa rubisi.

"Umekula kwa bibi yangu Jumapili ngapi? Wakaja na karatasi ya mtu usiyemjua, ukanyamaza. Kesho jirani akija na maneno yake juu yangu, utanyamaza pia. Rudini na rubisi yenu."

Baba mdogo akamgeukia Mama Paskazia akiwa bado anatabasamu, maana watu wa aina hii huamini kwamba nyuma ya kila msichana yupo mkubwa wa kumrekebisha. "Mawe," akamwita kwa Kihaya, yaani mama, "ongea na mtoto, waitu, tafadhali."

"Ameshaongea," akasema Mama Paskazia. "Mimi nilikuwa nangoja nione kama atasema mwenyewe. Kunyweni chai kwanza, barabara inateleza."

Nao wakanywa, dada! Wangefanya nini? Walikaa pale wakipuliza vikombe, hakuna aliyewasemesha, na mtungi wao ukiwa mlangoni umezibwa kwa majani. Sijawahi kuona chai ikinywewa polepole vile na watu waliotamani kukimbia.

Sasa nikwambie ukweli, usije ukadhani tunashangilia. Adventina alimpenda yule kijana. Nikipita sokoni naisikia cherehani yake ikisimama katikati ya mshono na kukaa kimya muda mrefu, na juzi nilimkuta ameegemeza kichwa kwenye gurudumu lake. Evodi anamtumia ujumbe, hajibu. Nilimwambia akitaka kumsamehe asituogope sisi. Akajibu, "Mwalimu, simchukii. Nimemwona tu."

Mnisalimie mama, mwambie mwanawe anakula na hajabadili dini kama anavyohofia. Shemeji mfanyabiashara wa ufuta mwambie nimemkumbuka hata kwa ubishi wake. Shangazi wa Kolo, aliyetufundisha kusuka, mpe mkono wangu, na wanao wawili uwabane masikio kwa niaba yangu. Baba mkubwa, imamu wetu, aniombee dua nipunguze ulimi, lakini mwambie asiombe sana, kwa kuwa bado nina kikao na mkuu wa shule Jumatatu.

Ndimi mdogo wako mwenye hasira na mapenzi,

Mwanaidi