Nilitamka Mara Tatu

Lindi, 2 Julai 2024

Kwa Baba mpenzi,

Shikamoo Baba. Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na shangazi Samia, na koo lako limepata nafuu. Sisi huku Lindi wazima wa mwili. Wa moyo, ndiyo sababu nakuandikia.

Najua utashangaa, siku hizi nani anaandika barua. Lakini Baba, wewe simu huisikii mpaka shangazi aweke spika, na shangazi akiweka spika Kivinje nzima inahamia sebuleni kwako. Neno hili sitaki lisikike. Nimempa Hamida, yule mchuuzi wa huko Kivinje, amekuja huku na dagaa zake. Bahasha nimeibandika kwa gundi maana Hamida namjua, macho hayamtulii.

Baba, naogopa. Nadhani nimetoka kwenye dini bila kujua.

Nisikilize kwanza, usipige kelele. Unakumbuka yule mzee ninayemuuguza, Mzee Piyadasa, mtu wa Sri Lanka aliyeletwa zamani kufunga mashine za chumvi akabaki hukuhuku. Macho yamekwisha, miguu imevimba, kitandani hatoki. Yeye ni Mbudha. Kitabu cha lugha ya kwao anacho, lakini herufi zake zimejiviringa kama tambi, mimi siziwezi. Kwa hiyo ananipa vile vilivyofasiriwa kwa Kiingereza, namsomea jioni na kamusi yangu ya shule pembeni. Nikaona ni sawa na kumsomea mtu gazeti.

Juzi alizidiwa. Akaniambia, "Saida, fungua ukurasa wa kwanza. Soma polepole, mimi nafuata." Nikasoma, akafuatisha, vilevile kama watoto wako wa Kurani chuoni. Mistari mitatu. Tukairudia, tukairudia tena. Baadaye nakoroga uji ndipo maana ikaniingia. Maneno yale yanasema: mimi namwendea Buddha, awe kimbilio langu. Mimi, Baba! Na nimeyasema mara tatu, kwa sauti, kwa ulimi wangu mwenyewe. Wewe ndiye uliyetufundisha kwamba shahada ni kutamka, ndoa ni kutamka, talaka ni kutamka. Sasa hili je?

Na ulitufundisha kwamba anayetoka kwenye dini ndoa yake inavunjika palepale. Abdulrahmani hajui kitu. Tangu siku ile nalala mkekani, namwambia mgongo unauma. Naogopa kuzini na mume wangu. Naswali, lakini nikisujudu najiona kama mtu aliyeingia nyumba ya watu bila hodi.

Nijibu upesi, Baba.

Mwanao,
Saida


Kilwa Kivinje, 6 Julai 2024

Kwa binti yangu Saida,

Marahaba mwanangu. Mimi mzima kiasi, shangazi yako mzima kupita kiasi. Anakusalimu, na anataka kujua kwa nini tunaandikiana kama watu wanaoposana. Nimemwambia ni mambo ya kiwanja.

Barua yako nimeisomea msalani, komeo nimefunga. Astaghfirullah, Saida! Nimekusomesha mimi mwenyewe mpaka ukahitimu msahafu, leo unasoma kwa sauti kitu usichokijua? Hata chupa ya dawa mtu huisoma kabla hajainywa! Nilipotoka, shangazi yako alinitazama usoni akauliza nani kafa.

Sasa tulia. Nami najaribu kutulia. Siwezi kutoa neno juu ya maneno ambayo sijayaona. Niandikie yote uliyotamka, kwa Kiswahili, na kila neno lina maana gani kwa huyo mzee, si kwa kamusi yako. Yule Mzungu wa kitabu cha Kiingereza naye alifasiri kutoka kwa wengine, kisha wewe unanifasiria mimi. Hapo tunakula chakula kilichokwisha kutafunwa na watu wawili. Muulize mwenyewe.

Abdulrahmani usimwambie, wala usimsogelee mpaka nikwambie. Watu wakisikia kwamba binti wa Mwalimu Yunusu kafanya hivi, mimi sina chuo tena na wewe huna nyumba.

Koo bado linawasha. Watoto wanalalamika Mwalimu ananong'ona.

Baba yako,
Yunusu


Lindi, 11 Julai 2024

Kwa Baba mpenzi,

Shikamoo Baba. Koo linaendeleaje? Kunywa maji ya tangawizi, na usibishe shangazi akikupikia.

Nimemuuliza kila kitu. Yeye hakujua kwa nini nauliza, alifurahi tu kwamba kuna mtu anataka kujua.

Maneno yenyewe ni haya: namwendea Buddha, awe kimbilio, naiendea Dhamma, iwe kimbilio, naiendea Sangha, iwe kimbilio. Buddha, kitabu kinasema ni aliyeamka. Nikamuuliza, "Ndiye Mungu wenu?" Akacheka mpaka akakohoa. "Mtu, Saida. Fundi aliyetangulia." Kiswahili chake chote amekiokota kiwandani, kwa hiyo kila kitu anakieleza kwa mashine. Dhamma, kitabu kimoja kimeandika sheria, kingine mafundisho, cha tatu kimeiacha hivyohivyo kama vile mfasiri alichoka. Mzee anasema ni jinsi mashine inavyofanya kazi, upende usipende. Sangha ni wale wanaoifuata njia hiyo, watawa na wenzao.

Kuna neno wanalirudia kila ukurasa, dukkha. Vitabu vyote vinasema mateso. Mzee akakataa. "Mateso ni baiskeli kukuangusha. Hii ni ringi imepinda kidogo. Unaendesha, unafika, lakini kila ikizunguka inagusa breki." Nilicheka, Baba. Kisha nikafikiria nyumba yangu ilivyo sasa. Tunakula, tunasalimiana, tunacheka hata, na kila siku kuna pahala panagusa.

Lililonitisha ni lile wanalolitaka mwisho wa yote. Kiingereza kinasema kuzimika. Nikamwambia, "Mzee, jamani, unataka kuzimika kama kibatari?" Akaninyooshea paji la uso. "Wewe unanipima homa. Homa ikishuka, kinachozimika ni homa au ni mimi?"

Sasa nakwambia lililobaki na naona haya. Ninaogopa kwa sababu nilitamka. Lakini ninaogopa zaidi kwa sababu napenda kumsikiliza. Jioni ikichelewa nakwenda mwenyewe kuchukua kitabu. Hiyo nayo ni dhambi?

Mwanao,
Saida


Kilwa Kivinje, 15 Julai 2024

Kwa binti yangu,

Marahaba. Hatujambo. Tangawizi nimekunywa, haina la kunisaidia. Sasa nakula uji tu, nyama inakwama.

Barua yako nimeisoma. Nimeisoma tena. Kesho nakwenda Kiranjeranje kumuuliza Sheikh wa kule, yeye kanizidi elimu na hana mdomo. Nitasema ni swali la mtu wa mbali. Mpaka nikuandikie, usitamke tena maneno yale hata kwa kunong'ona. Akikuomba, mwambie una mafua.

Jambo dogo. Muulize huyo mzee kama anaogopa kufa. Usimwambie kwamba nimeuliza mimi. Na muulize ulimi ukigoma saa ile, wao wanafanyaje. Nataka kujua tu.

Baba yako


Lindi, 3 Agosti 2024

Kwa Baba,

Shikamoo Baba. Je, mu wazima? Hamida amekuja na kurudi, namuuliza, anatikisa kichwa. Nimepiga simu, shangazi anasema umelala. Kila nikipiga umelala. Una nini, Baba? Au jibu ni baya hujui uliandikeje?

Nimemuuliza ulichotaka. Anaogopa. Nilidhani atasema hapana, mtu aliyesoma vitabu vyote vile. Alisema, "Kila siku naogopa. Kitabu hakijaniondolea woga. Kinanipa pa kushika, kama reli ya ngazi kule kiwandani." Nikamuuliza habari ya ulimi. Akasema ulimi ukigoma, ndiyo maana mtu anahitaji mwenzake kando ya kitanda. "Yeye aseme, mimi nifuate kwa ndani." Halafu akaupapasa mkono wangu akaushika. "Utakuwa wewe, Saida." Nikasema ndiyo, Mzee. Ningesemaje?

Ni jambo lilelile, Baba. Ni kama wewe unavyoitwa kumtamkisha mgonjwa shahada.

Ameanza kubadilika. Kucha zimekuwa za bluu, maji anayameza kwa shida.

Na Abdulrahmani ameniuliza kama nina mtu. Alisimama mlangoni na mfuko wa samaki mkononi, hata hajauweka chini. Nikasema sina. Akasema, "Basi nitazame." Sikuweza kumtazama. Amechukua nguo zake amekwenda kwa mama yake Kiswere.

Nakuomba, hata mstari mmoja. Andika "usiseme" au andika "sema". Naogopa kukaa katikati hivi.

Mwanao,
Saida


Lindi, 9 Agosti 2024

Baba,

Shikamoo. Leo sina salamu ndefu.

Mzee Piyadasa amefariki jana, baada ya adhuhuri. Alikipapasa kitabu akanisogezea. Nikakifungua, ukurasa wa kwanza, nikaiona ile mistari. Mdomo ukagoma. Nikawaza nikisema sasa, kwa kujua, hapo hakuna wa kunitetea. Nikamwambia, "Nakuja Mzee, nakuja," nikatoka, nikasimama kwenye simtanki nikafungulia maji kwenye ndoo ili nisisikie. Nikasikia hivyohivyo. Akaanza neno la kwanza, akakwama. Akaanza tena, akakwama palepale. Ndoo imefurika, maji yananipita miguuni, na mimi nimesimama.

Niliporudi alikuwa amegeuzia uso mlangoni.

Baba, nimemuogesha mtu yule, nimemlisha, nimempangusa, halafu pale palipokuwa pagumu nikamwacha peke yake. Nilikuwa nangoja barua yako. Ulikuwa wapi?

Saida


Kilwa Kivinje, 13 Agosti 2024

Kwa binti yangu Saida,

Pole, mwanangu. Pole sana. Mungu akutie nguvu.

Sheikh alinijibu siku ileile, kahawa haijapoa. Alisema mtu aliyemsomea mgonjwa maneno ya mgonjwa, na moyo wake haukuhama, hajatoka popote. Ndoa yake ni ndoa. Kama ana wasiwasi, atamke shahada yake alale. Ningeweza kukuandikia jioni ile. Sikuandika.

Nitakwambia kwa nini, na nakuomba usinicheke. Kutoka Kiranjeranje nilipitia kwa daktari. Koo si la kuwasha. Ni uvimbe, na umekwishashuka mbali, hawaukati. Amesema sauti itatangulia kwenda. Imekwenda, Saida. Sasa hivi nikimwita paka hageuki. Chuo nimekifunga, watu nawaambia ni mafua. Ndiyo maana kwenye simu nilikuwa "nimelala".

Tangu siku hiyo ile barua yako ya ringi na homa naisoma kila nikibaki peke yangu. Mimi, Mwalimu Yunusu, natulizwa na maneno ya Mbudha wa mashine za chumvi! Nikaogopa. Nikajiuliza, jibu hili nampelekea mwanangu kwa sababu ni haki, au kwa sababu nalitaka mimi? Nikasema nisubiri moyo utulie ndipo niandike. Haukutulia, na wewe ukabaki kwenye simtanki. Lile la simtanki ni langu mimi. Usilibebe.

Sijatoka kwenye dini yangu, nitafia humo Mungu akipenda. Lakini nani atanitamkisha? Nimewatamkisha wengi hapa Kivinje. Nilikuwa naona macho yao yanaving'ang'ania vidole vyangu, nikidhani ni maumivu. Ulikuwa woga, Saida, na mimi sikujua, nilikuwa nasoma haraka nikawahi chuoni. Shangazi yako siku hiyo atalia tu, hatafaa. Nataka mtu atakayeitamka shahada taratibu, mimi nifuate kwa ndani, kama alivyotaka yule mzee. Nataka uwe wewe.

Utaogopa. Mimi naogopa mpaka meno yanagongana, na jua hili lote. Usitoke nje tu, mwanangu. Nakuomba usitoke nje.

Baba yako,
Yunusu


Lindi, 17 Agosti 2024

Kwa Baba yangu mpenzi,

Shikamoo Baba. Hamida anaondoka alfajiri na barua hii, mimi nafuata na basi la mchana. Nimetaka uijue safari yangu kabla sijafika, usije ukashtuka.

Jana nilikwenda Kiswere. Nimemwambia Abdulrahmani yote, mama yake yuko palepale anachambua mchele. Halafu akasema, "Kwa hiyo huo mgongo hauumi?" Nikacheka huku nalia, na mama yake akanipa khanga nijifute. Tunakuja wote wawili.

Mzee Piyadasa bado yuko mochwari, wanamngoja mpwa wake atoke kwao. Niliposoma barua yako nilichukua kitabu nikaenda. Nimemsomea ile mistari yake, kwa sauti, mara tatu. Mhudumu alisimama na ufagio wake ananishangaa. Wala sikutetemeka, lakini najua hakusikia. Aliyekuwa anangoja kusikia alikwishaondoka.

Kwako naogopa, Baba. Nimefunga mizigo naogopa, na hapa naandika naogopa. Mwambie shangazi aniwekee kiti kando ya kitanda chako, upande wa ukutani, mbali na mlango.

Mwanao,
Saida