Benchi la Jumamosi

Jumapili, 3 Machi

Wageni wa msiba wameondoka wote. Nyumba kimya mpaka nasikia friji ikinguruma. Nimefua shati la buluu la marehemu mume wangu – la nini sasa? – nikalianika tu.

Mwanangu mkubwa hataki nikae peke yangu. Jumamosi analeta lori, nihamie kwake. Nyumba itapangishwa. Nimesema sawa. Ningesema nini?

Jumatatu, 4 Machi

Nimefagia barazani. Benchi lipo palepale ukutani. Mzee wangu alilileta kutoka ofisi ya kata alipokuwa diwani, siku walipotaka kulitupa. Kila Jumamosi asubuhi watu walikaa hapo na shida zao, naye akakaa nao, upande wa mlango. Mmoja akimaliza anaondoka, wengine wanasogea. Na shida ilisemwa kwa sauti, wote wasikie! Aliyetaka kunong'ona aliambiwa, "Ya siri kamwambie mkeo." Mara nyingi jambo liliisha kabla halijamfikia. Mama analalamika bomba limepasuka, kumbe aliyekaa ubavuni mwake ni fundi bomba.

Ndivyo alivyofanya kazi. Sijaona mwingine.

Jumatano, 6 Machi

Fundi bomba huyohuyo amepita kunipa pole. Tumecheka mpaka machozi. Kanikumbusha siku ya kwanza ya mzee bungeni, alipotoka udiwani akachaguliwa mbunge. Aliona mwenzake anahangaika kutafuta kiti, akawageukia wa safu yake: "Sogeeni jamani, tubanane!" Ukumbi mzima ukaangua kicheko. Viti vile, kila mtu na chake! Magazeti yakamwita Mheshimiwa Benchi. Mimi niliona aibu. Yeye alirudi anachekelea. "Mama watoto, wenzangu wanahangaika kupata jina, mimi nimepewa bure."

Vipindi vitatu bungeni na Jumamosi hakuiacha. Siku moja alikuja waziri na msafara wake. Akaonyeshwa mwisho wa benchi. Akakaa! Kati ya muuza mkaa na bibi aliyelalamikia barabara ya zahanati. Suti ikachafuka, lakini barabara ilipata lami mwaka uleule.

Hata alipostaafu walikuja. "Sina cheo tena," anawaambia. "Na masikio, umeyarudisha serikalini?" wanamjibu.

Ijumaa, 8 Machi

Vyombo vimefungwa. Mwanangu kauliza benchi la nini, mguu mmoja umeoza, majirani wakachanje kuni. Akanishika bega. "Mama, watu walikuwa wanamfuata baba. Wewe pumzika sasa."

Alisema kwa upendo. Lakini hilo "walikuwa" limenifuata kutwa. Chai yao nani alikuwa akipika? Aliposafiri kwenda vikaoni, nani alikaa upande wa mlango akiwasikiliza? Sikumwambia. Nitamwambia lini – lori linakuja kesho.

Jumamosi, 9 Machi

Nimeamka kwa mlio wa benchi. Ule wa mguu mbovu, mtu akikaa. Nikafungua mlango – wapo! Mshona viatu, dada wa duka la dawa, na wengine. Wakasimama wote.

"Tusamehe mama," mshona viatu akasema, macho chini. "Tulijua hayupo. Miguu tu imetuleta."

Upande wa mlango wameuacha wazi. Wamebanana huko mwisho, hakuna aliyethubutu kukaa hapo.

Nimewaambia wakae, naweka chai. Sufuria lilikuwa ndani ya boksi, nimelichana boksi. Naandika nimesimama, maji hayajachemka.

Lori limefika. Namsikia mwanangu: "Jamani, hamkusikia habari za msiba?" Anamwambia dereva apakie benchi kwanza.

Nachungulia dirishani. Dereva amekaa! Mwisho kabisa, kofia magotini, anawaeleza kwa sauti jinsi mtoto wake alivyonyimwa nafasi shuleni. Dada wa duka la dawa anamuuliza shule gani. Wanasogea ili akae vizuri, lakini upande wa mlango bado hawaugusi. Wanatazama mlango.

"Mama!" mwanangu anaita. "Mama, njoo uwaambie!"

Maji yamechemka. Vikombe vimefungwa kwenye magazeti. Nafungua.