Diski Haikuwa na Mkwaruzo

Kaka Aloni,

Nimekasirika, na kwa kuwa wewe ndiye uliyenifundisha kazi, wewe ndiye utakayenisikiliza. Ni mwezi sasa tangu homa ikuchukue. Jumamosi iliyopita tumemaliza matanga yako kule kwenu Mbebe. Ndugu zako waliniomba mkanda wa video wa msiba, kama tulivyokuwa tukiwatengenezea watu pale studio kwetu Tunduma. Nikawatengenezea. Mwishoni nikaweka ile katuni yako ya duara la njano, uliyoichora kwenye kompyuta wiki aliyofariki mama yako.

Unakumbuka wateja walivyotucheka? "Katuni gani haina hata mtu?" Ukawajibu, "Kwani uchungu una pua?" Ukarudi kwenye kioo cha kompyuta, ukaendelea kulisogeza duara lako kidogo kidogo kuelekea ukingoni, linatetemeka, linanywea, na ule mstari wa bluu unalifuata wala haulifikii. Kwenye msiba wa mama hukulia. Ulilia pale kwenye kiti, wiki nzima, kwa dakika tatu za katuni. Mimi nilikuona.

Sasa sikia walichofanya. Duara halijafika hata katikati, baba yako mdogo huyo, kainuka. "CD imekwaruzika hii." Akaitoa kwenye deki, akaifuta kwa pindo la shati, akaipuliza, akairudisha. Duara likaanza upya, likatetemeka. Akaitoa tena. Kaka, aliifuta mara tatu. Na washauri hawakukosekana, mmoja anasema ipakwe dawa ya meno. Mwisho wakaweka CD nyingine, waliyotengenezesha kwingine, ya njiwa na mawaridi, jina lako linametameta kama tangazo la bia. Hapo ndipo wakaridhika.

 Hasira nyingine ni juu yangu mwenyewe: mdomo nilikuwa nao, nikautumia kula wali.

Tulipokuwa tunakusanya vyombo, mkeo akanivuta pembeni. Hajalia tangu tukuzike, na unawajua watu, wameshaanza kumsema. Akaniuliza taratibu, "Lile duara, lilikuwa linakwenda wapi?" 

Pumzika, kaka. Jumamosi hii narudi Mbebe na kompyuta yako. Nitamkalisha shemeji mbele ya kioo, nitafunga mlango kwa komeo, na atakayetaka kufuta chochote aanze kunifuta mimi. Safari hii duara litafika.

Mdogo wako,
Tumaini